Godoro la Mtu Aliyeanguka

Fundi hakati kitambaa kabla ya kukata karatasi. Wanaomcheka husema ni uoga, naye huwajibu kwamba kitambaa kikishakatwa hakina msamaha. Kwa hiyo siku mumewe alipotangaza kwamba mama yake yeye anahamia kwao, na kwamba chumba kidogo kinahitaji godoro jipya la mtu mmoja, Fundi hakukimbilia dukani. Alikusanya magazeti ya zamani, akayaunganisha kwa gundi, akakata magodoro matatu ya karatasi: moja la futi tatu na nusu, moja la futi tatu, na moja la futi mbili na nusu, yote urefu wa futi sita. Akayakunja, akayabeba mikononi, akaenda kusimama mbele ya mlango wa chumba kidogo.

Hapo alisimama sana. Tangu mama yake mzazi afie humo, Fundi aliingia kufagia tu, na alifagia kama mtu anayefukuzwa.

Chumba chenyewe, tuseme ukweli, kilikuwa cha kubanana. Wawili wakiingia, mmoja hugeuka kwa ruhusa ya mwenzake. Kulikuwa na dirisha la nondo, kabati la ukutani, na mlango unaofunguka kwa ndani. Wala usiulize kwa nini hawakuugeuza ufunguke nje. Mwenye nyumba alikuwa mtu wa vyuma: fremu ya chuma, mlango wa chuma, bawaba zimechomelewa. Ukitaka kugeuza uvunje ukuta, na ukuta si wako.

Mama yake Fundi walimnunulia godoro la futi tatu na nusu, nene, la kujivunia. Kitanda kilijaza chumba hadi mlango ukawa unafunguka nusu, watu wakawa wanaingia kiubavu, na mwenyewe akawa anatania kwamba chumba chake hakiingiliki na wanene. Kisha siku moja mchana akaanguka kwenye kile kiupenyo kilichobaki kati ya kitanda na mlango. Mlango ukagoma. Majirani walipomaliza kukata nondo za dirisha, walimkuta ameshatangulia.

Daktari alisema moyo ulisimama ghafla, hakujua hata kilichompata. Ndugu wakalirudia hilo msiba mzima: papo hapo, hakuteseka, papo hapo. Fundi alilishika neno hilo kwa mikono miwili, maana yeye siku ile alikuwa nyumbani. Alikuwa sebuleni anashona sare za shule, na cherehani ilikuwa ikinguruma tangu asubuhi. Aliposimama kwenda kumwita mama yake wanywe chai, ndipo alipokuta mlango haufunguki.

Matanga yalipoisha, mlango ukaanza kugongwa.

Haukuwa mlio wa usiku, wa kumfanya mtu ajifunike shuka kichwani. Ulikuwa wa mchana kweupe, jua likiwaka, jirani akipiga kelele na watoto wake uani. Tatu, taratibu, halafu kimya. Na ulitoka chini kabisa ya mlango, pale ambapo mkono wa mtu aliyelala sakafuni ungefika. Fundi aliusikia pale tu cherehani iliponyamaza, basi akawa haiachi inyamaze. Alishona hadi vitambaa vya wateja vikaisha, akaanza kushona mapazia ya madirisha asiyokuwa nayo. Majirani walisema fundi huyu atauvisha mji mzima. Uzi ukikatika, na mlio ukija, alikuwa anasema bila kugeuka, "Pumzika, mama. Pumzika," kisha anakanyaga cherehani tena.

Fundi hakumwambia mumewe. Mumewe alikuwa fundi bomba, mtu anayeamini kitu anachoweza kukifunga kwa spana.

Siku hiyo ya magazeti, Fundi alivuta pumzi, akaingia. Alitandaza sakafuni godoro la karatasi la futi tatu na nusu, akalisogeza hadi ukutani mahali kitanda kitakapokaa. Halafu akafanya jambo ambalo mteja wake yeyote angelishuhudia angechukua kitambaa chake na kuondoka. Alilala chini, kwenye nafasi iliyobaki kati ya karatasi na mlango, mikono imetupwa kama ya mama yake siku ile. Akaunasa ukingo wa mlango ulioegeshwa kwa vidole vya mguu, akauvuta ufunguke kumjia. Mlango ukamgonga nyonga, ukakwama. Hapo hapo ulipokwama siku ile.

Akabadilisha, akatandaza la futi tatu. Hili liliwezekana, lakini kwa sharti: mtu alale ubavu na akunje magoti. Fundi alijiuliza ni nani anayeanguka kwa kukunja magoti vizuri. Akaliondoa. La futi mbili na nusu likampa nafasi ya kulala chali, na mlango ukapita pembeni yake hadi mtu mzima akaweza kuingia bila kujibana. Alibaki amelala pale, akitazama dari, na kwa mara ya kwanza tangu habari ya ugeni ifike, kifua chake kikalegea.

Mlango ukasukumwa, ukamgusa bega.

"Mke wangu! Umeanguka?" Mumewe alikuwa amesimama na mkoba wake wa spana, macho yamemtoka.

"Napima godoro."

"Godoro hupimwa kwa kulala chini ya mlango?"

"Mimi ndivyo ninavyopima."

Alipoambiwa ni futi mbili na nusu, mumewe aliushusha mkoba kwa kishindo. Akasema mama yake maisha yake yote amelala pabaya ili watoto walale pazuri. Akasema, "Mama yako tulimnunulia futi tatu na nusu. Wangu mimi nimlaze kwenye ubao wa kuanikia nguo?"

"La mama ndilo lililoziba mlango."

"Siku zake zilikuwa zimefika. Godoro haliui mtu."

"Basi tuondoe mlango, tuweke pazia."

"Mama yangu avalie nyuma ya pazia, nyumbani kwa mwanawe? Watu watasemaje?"

Walibishana hadi chakula kikapoa. Mwisho mumewe akanyanyua mikono, akasema haya, wewe ndiye utakayeshinda naye nyumbani mchana kutwa, kanunue unalotaka, lakini mama akilalamika usinitazame mimi.

Mwenye duka la magodoro alikuwa mtu wa maneno mengi. Alikuwa anayarukia magodoro yake kwa makalio kuonyesha yanavyorudi, huku akisifu kila moja kuwa ndilo alilonunua yeye kwake. Aliposikia futi mbili na nusu akasimama.

"Mama, hili wananunua wenye watoto. Anayelala ni mtoto?"

"Ni mama mkwe wangu."

Mwenye duka akamtazama, akacheka kwa adabu. "Mna ugomvi?"

"Chumba ni kidogo."

"Chumba kidogo kinachukua futi tatu, dada yangu. Hiyo ndiyo saizi ya binadamu. Huyo mama ni mtu wa umbo gani? Mnene? Mwembamba? Anajigeuza?"

Fundi alijaribu kukumbuka. Miaka yote aliyoolewa alikuwa amemshonea mama mkwe magauni, alijua bega lake na kiuno chake, lakini hakuwahi kujiuliza analalaje. Akasema ni mwembamba. Akalipa, akaondoka na godoro lake limefungwa kamba, jembamba hata mwenye mkokoteni akamuuliza kama lingine linafuata.

Mama mkwe aliitwa Mama Twiga. Jina alipewa usichanani na hakulikataa, maana urefu ule ungekataliwa na nani? Aliinama kuingia mlangoni, akainama kumkumbatia Fundi, akainama kukitazama kitanda. Fundi alikuwa amekitandika vizuri, shuka mpya, foronya yenye pindo la maua.

"Hiki ni kitanda au benchi?" Mama Twiga akauliza.

"Chumba ni kidogo, mama."

"Naona. Mimi nilishazoea. Nguo fupi, vitanda vifupi, milango mifupi. Dunia hii ilikatwa na mtu asiyenipima." Akacheka, akakaa, chaga zikalia. Mumewe Fundi akamkata mkewe jicho, akatoka nje.

Siku za mwanzo zilikwenda vizuri kuliko Fundi alivyotarajia. Mama Twiga hakuwa mkwe wa kukagua masufuria. Alipenda redio, alipenda kuchambua mchele akisimulia watu waliokwishakufa kana kwamba walitoka tu kwenda dukani. Mchana aliingia kupumzika, akaufunga mlango kama watu wazima wafungavyo. Na hapo ndipo Fundi alipoteseka. Sasa mlio ukija, alijiambia, atajuaje ni yupi anayegonga? Lakini wiki ya kwanza haukuja, wala ya pili. Akaanza kufikiri kwamba labda marehemu ameona chumba kina mtu, akaenda zake. Jambo la ajabu ni kwamba hilo nalo lilimuuma.

Siku ilipotokea, alikuwa anakunja pindo la pazia refu. Uzi ukakatika. Cherehani ikanyamaza, na chini ya mlango wa chumba kidogo pakagongwa: moja, mbili, tatu.

Mwili wa Fundi ulifanya ulichozoea kabla akili haijafika. "Pumzika, mama," alisema kwa sauti, bila kugeuka. "Pumzika." Akatunga uzi, akakanyaga. Alishona pindo lote, kwa kasi, huku moyo ukimwambia: amerudi, na mkwe yumo humo, amelala, Mungu amsaidie asisikie.

Mwisho wa pindo akainua mguu. Mlio ukaja tena. Safari hii haukuwa wa mara tatu. Ulikuwa wa haraka, wa ovyo, ukakata, ukaanza, ukakata.

Fundi alibaki na mkasi mkononi. Mama yake hakuwahi kugonga hivyo. Marehemu ana subira, hana haraka ya kwenda popote. Anayegonga hivi ni mtu anayeishiwa na nguvu.

Alifika mlangoni bila kukumbuka alivyofika. Akasukuma. Mlango ukaenda, ukagusa kitu, na Fundi akapiga ukelele kwa sababu mkono wake ulikumbuka mguso ule. Lakini haukukwama. Kile ulichokigusa kikajivuta, polepole, kikapata mahali pa kujivutia, na mlango ukapita hadi Fundi akaingia amesimama wima.

Mama Twiga alikuwa sakafuni, urefu wake wote, kati ya kitanda na mlango. Mkononi alishika ndala aliyokuwa akigongea. Jasho lilimtiririka na mdomo ulikuwa umemkauka, lakini macho yalikuwa hai kabisa.

"Nimejigeuza," alisema, "na kitanda kikaisha."

Fundi akapiga magoti, akamshika kichwa, akampapasa nyonga, miguu, akalia, akauliza wapi, wapi panauma mama. Nyonga iliuma lakini mguu uliinuka. Akampa maji kwa kijiko. Akamwita jirani, wakambeba, wakamlaza. Jirani alipotoka kwenda kutafuta usafiri wa kumpeleka zahanati, Mama Twiga akamshika Fundi mkono.

"Nimegonga," akasema. "Ukanisikia. Ukaniambia nipumzike."

Hakusema kwa hasira. Angesema kwa hasira ingekuwa nafuu. Alisema kama mtu aliyekwishatafuta maana ya jambo, akaikosa, sasa anauliza.

Fundi alitaka kusema hukusikia vizuri mama. Uongo ulifika mdomoni, ukakataa kutoka. Akakaa chini, mgongo ameuegemeza kwenye chuma cha mlango, akamweleza yote. Akamweleza godoro la futi tatu na nusu na kiupenyo, na sare za shule, na cherehani. Akamweleza mlio wa mchana na maneno anayoujibu. Akamweleza magazeti, na jinsi alivyolala chini mwenyewe kutafuta godoro litakaloacha nafasi kwa mtu aliyeanguka.

Mama Twiga alisikiliza hadi mwisho. Kisha akasema, "Kwa hiyo ulimpima anayeanguka. Anayelala hukumpima."

"Sikumpima, mama."

"Ndiyo maana nimeanguka."

"Ndiyo."

"Na ndiyo maana mlango umefunguka." Akafumba macho, nyonga ilikuwa ikimuuma. "Sijui nikugombeze au nikushukuru. Ngoja nipone kwanza, nitaamua."

Fundi akacheka, na kicheko kikamgeukia kilio hapo hapo. "Walisema alikufa papo hapo," akasema. "Wote walisema. Kama alikufa papo hapo, mama, nani anayegonga?"

Mtu mwingine angemwambia ni mawazo, ni uchovu, tafuta dawa. Mama Twiga hakuwa mtu wa kumpa mtoto pipi kwenye msiba. "Walisema kwa wema wao," alijibu. "Nadhani aligonga. Mtu akiwa chini pale, mkono unakwenda wenyewe."

Fundi alijifunika uso kwa kanga. Lile neno papo hapo, aliloliegemea muda wote huo, halikuwepo tena, na hakuanguka kama alivyodhani angeanguka. Aliumia tu. Aliumia sana.

"Sasa nisikilize na hili," Mama Twiga akaendelea. "Mimi nimetoka huko chini sasa hivi, siambiwi na mtu. Ile cherehani yako naisikia vizuri pale sakafuni kuliko hapa kitandani. Inatetemesha hadi kwenye mbavu. Ilipokuwa inakwenda, nilijua upo. Nilikasirika, sikudanganyi, nilikutukana. Lakini sikuwa peke yangu. Mama yako naye hakuwa peke yake."

Zahanati walisema hakuna kilichovunjika, ni mchubuko na uzee. Jioni mumewe Fundi alirudi mbio, akapita nyumba nzima kwa maneno makali kuhusu mabenchi na mbao za kuanikia nguo, na kesho yake, akaapa, litaingia humo godoro la futi tatu na nusu, mlango usifunguke milele.

"Nyamaza," mama yake akamwambia kutoka chumbani. "Mkeo alitaka mbili na nusu, wewe unataka tatu na nusu. Kati yenu wawili hakuna hata mmoja aliyeniuliza mimi mwenye mgongo. Kachukueni la futi tatu. Na mlango usifungwe mchana. Nikitaka kuvaa nguo nitawaambia mgeuke."

Mwenye duka alilipokea la zamani kwa kunung'unika, akalinusa, akaligeuza, akasema si nilisema? Saizi ya binadamu. Akampa la futi tatu kwa sita, na Fundi akaongeza fedha ya tofauti bila kubishana. Waliliweka, chaga zikasogezwa, na likakaa vizuri. Mlango uliachwa wazi kabisa, umewekewa tofali usijirudishe.

Siku chache zikapita. Fundi alishona pale kulipokuwa na kazi ya kushona, na isipokuwepo aliiacha cherehani ikae kimya, ingawa mikono ilikuwa ikiitafuta. Mchana mmoja wa kimya hicho, alikuwa anashikiza vifungo, na mlio ukaja. Moja. Mbili. Tatu. Taratibu, chini kabisa ya mlango.

Aliweka sindano, akaenda. Hakukimbia, maana aliujua huu. Mlango ulikuwa wazi, tofali mahali pake, na sakafuni hapakuwa na mtu. Mama Twiga alikuwa amelala ubavu kitandani, macho wazi, anatazama upande wa chini wa mlango.

"Mama," Fundi akanong'ona, "umesikia?"

"Nimesikia."

Wakabaki hivyo, wote wawili wakitazama pale chini. Kisha Mama Twiga akajiinua kwa kiwiko, akajivuta taratibu kwa sababu ya nyonga, akasogea hadi mgongo wake mrefu ukagusa ukuta. Ukingo wa godoro ukabaki mtupu. Akaupigapiga kwa kiganja.

"Mlango si uko wazi?" akasema. "Mwambie apite. Nafasi ipo."

Fundi alifungua mdomo, na lile neno lililozoea kutoka likaja mbele. Akalimeza.

"Karibu, mama," alisema, akajibana kwenye fremu kumpisha.